Picha ya Mzee Sukhadia

Shri

Gariadhar, 12 Juni 2007

Kwa Damyantiben Oza, Mumbai

Jai Shri Krishna, ben, dada yangu wa heshima.

Hunijui. Naitwa Urvi Savaliya. Nimemaliza darasa la kumi na mbili mwaka huu na sasa niko nyumbani tu. Mjomba alipata anwani yako pamoja na namba ya simu, lakini mimi nikishika simu naikata kabla haijapokelewa. Mwalimu wetu alizoea kuniambia, "Urvi, nyumba ikiungua ukaulizwa mko wangapi ndani, mtaungua wote." Kwenye karatasi najiweza kidogo, kwa hiyo nakuandikia.

Kila siku saa nane mchana wanarudia sehemu za mwanzo za *Sukhadia Sadan*, zile za zamani ambazo wewe ndiye Rukhiba, bibi wa nyumba. Huyu bibi mwingine wa siku hizi, wa usiku, hatumpendi sana. Zilipoonyeshwa mara ya kwanza hatukuwa na televisheni. Mwezi uliopita mimi na mama tukaanza kuziangalia kwa sababu ya joto tu, madirisha tumefunga, hakuna kazi inayowezekana saa ile.

Tulicheka sana, ben. Mama alipenda zaidi ile picha ya marehemu mumeo, Mzee Sukhadia, iliyo ukutani juu ya kiti chako na koja la msandali shingoni. Kila mtu akisema uongo ndani ya nyumba ile, picha inakwenda upogo. Mkwe mkubwa ameiba vitamu, anasema, "Mimi? Hizo laddu hata harufu sijaisikia!" na picha inainama, nawe unaigeukia: "Nimeona, mzee, nimeona! Ungekuwa macho hivi ulipokuwa hai, duka lisingeibiwa!" Mama alikuwa akiyarudia maneno hayo jikoni.

Halafu siku moja kamera ikasogea karibu na picha, na mama akaacha kucheka.

Ule uso ni wa baba yangu.

Nywele zimepakwa weupe na masharubu si yake. Lakini nyusi ya kushoto imekatika katikati, pale kipande cha gurudumu la kung'arishia almasi kilipomrukia. Anaitwa Vallabh Savaliya. Alikuwa fundi wa almasi hapa Gariadhar, na usiku wa sikukuu ya Navratri aliigiza kwenye michezo ya uwanjani, mara nyingi kama mwanamke, na wanawake wenyewe walikuwa wakimwonea wivu. Nilipokuwa na miaka minne alikwenda Bombay kutafuta kazi ya kuigiza. Zilikuja barua mbili. Baada ya hapo, kimya.

Sasa nyumba yetu imegawanyika. Bibi mzaa baba, tunayemwita Ba, anasema hakuna mtu duniani anayemvisha koja mtu aliye hai pichani. Kwetu hata ukipitisha ua karibu na picha ya harusi Ba anakupiga mkono. Kwa hiyo anasema mwanawe alikufa, na mwaka huu, katika nusu mwezi ya wafu, lazima alishwe kama wafu wengine, na mama afute rangi nyekundu ya njia ya nywele na avunjiwe bangili, alama za mwanamke mwenye mume. Mama anasema hafuti kitu. Hawasemezani. Maneno yao yanapitia kwangu, mimi ambaye sisemi.

"Mwambie mama yako mtoto nilimzaa mimi, najua akiwa amekufa."

"Mwambie Ba mume niliolewa naye mimi."

Ben, naomba jibu la swali moja tu. Yule mtu alipovishwa koja, alikuwa hai?

Wako kwa heshima,
Urvi


Shri

Mumbai, 30 Juni 2007

Binti yangu Urvi,

Barua yako imenifurahisha na kunisikitisha. Siku hizi wanaoniandikia ni watu wa bima na daktari wa meno.

Picha ile haina hadithi. Watu wa mapambo waliinunua soko la vitu chakavu, ikiwa na fremu yake na mbu mmoja aliyekauka ndani ya kioo. Ni nani, hakuna aliyeuliza. Kathiawad yenu imejaa wanaume wenye nyuso kama hiyo, na nyusi hukatwa na mengi. Baadaye fremu ikaoza wakachora nyingine, ndiyo hiyo unayoiona siku hizi.

Msigombane kwa ajili ya televisheni, mwanangu. Ukuta ule ni mbao na karatasi. Ukiusukuma kwa kidole inatikisika nyumba nzima, na jiko lile halijawahi kuwashwa. Mwambie Ba wako kwamba mimi mwenyewe nimekufa mara tatu katika tamthilia, nikavishwa koja, na bado nadaiwa umeme.

Mvua zimeanza huku na nasikia zimefika hata kwenu. Mwambie mama yako asikae karibu na mlango radi zikipiga, ajifunike blanketi kichwani apumzike. Wewe endelea na masomo.

Mungu akubariki,
Damyanti Oza


Shri

Gariadhar, 14 Julai 2007

Damyantiben, Jai Shri Krishna.

Asante kwa kunijibu. Niliwasomea barua yako wote wawili, mama akiwa upande huu wa pazia na Ba upande ule. Ba alisema, "Umesikia! Soko la vitu chakavu!" lakini hakusema kwa furaha niliyoitarajia.

Mama akasema, "Soma tena pale pa radi."

Nikasoma.

"Nani kamwambia kwamba mimi radi zikipiga najifunika blanketi kichwani?"

Ba akajibu kabla sijafungua mdomo, bila kupitia kwangu, "Kila mwanamke anaogopa radi!"

"Na wewe Ba?" mama akauliza.

"Mimi radi ndiyo inayoniogopa."

Nilirudia barua yangu kichwani, neno kwa neno, kwa maana niliiandika mara nyingi kabla ya kuituma. Sikutaja radi. Sikukosei adabu, ben. Nakueleza tu.

Sasa nikueleze mambo ya nyumbani, maana sina mwingine wa kumweleza. Mama amebadilika. Adhuhuri anachana nywele, anapaka rangi upya, anabadilisha sari. Saa nane ikifika anaweka sahani mbele ya televisheni: rotla, mkate wa uwele, mchuzi wa mtindi, kitunguu kilichopondwa kwa ngumi kama baba alivyopenda. Kipindi kikiisha anakula yeye chakula hicho kikiwa kimepoa. Jirani yetu Jasuben alichungulia dirishani akacheka, "Ee Manjula, huyo mumeo anakula mchana tu? Usiku anakula kwa nani?" Mama hakukasirika. Alimwambia, "Njoo ukae. Usipige kelele, yuko kazini."

Jasuben hakukaa.

Ben, mama anasema baba yuko nyuma ya ukuta. Mwanzoni mimi pia niliogopa. Ba alitaka tuite mganga. Kisha mama akanikalisha akaniambia, "Usiutazame uso. Tazama jinsi picha inavyokwenda."

Haianguki upande kama kitu kilicholegea. Inakwenda polepole, inarudi, inakwenda tena, inatulia kana kwamba mtu anasikiliza, halafu inakwenda kidogo mara ya mwisho. Daima hivyo. Mama akapanda juu ya dari akashusha susu langu la utotoni, kile kitambaa cha kulalia mtoto kinachoning'inia kwenye miti minne na kuvutwa kwa uzi. Baba alikuwa akilala sakafuni anakariri maneno ya mchezo, uzi umefungwa kwenye kidole, ananivuta. Mama alitia mto ndani ya susu akaniambia nitazame, akavuta kama baba alivyovuta. Mara mbili, kimya, mara moja ndogo.

Nilimwomba avute tena.

Juzi ikaonyeshwa ile sehemu ya mchoraji rangi, ambapo mwanao mdogo anaapa kwamba kaacha kucheza karata. Picha ilipoinama ilikwama, na kidole kikatokea pembeni ya fremu kuisukuma. Kidogo tu. Kilikuwa na ukucha uliolika ukawa bapa. Mafundi wote wa almasi wana kidole kama hicho, gurudumu huwala kidogo kidogo. Nilikiona mimi mwenyewe, na mimi si mtu wa kuona vitu.

Kwa hiyo alikuwa hai. Alining'inia ukutani na koja shingoni, na wakati huohuo alisimama nyuma ya ukuta akijivuta mwenyewe. Tafadhali ben, alipotoka pale alikwenda wapi?

Urvi


Mumbai, 3 Agosti 2007

Urvi,

Nimefanyiwa upasuaji wa jicho na nimekatazwa kuandika. Kidole kile ni cha fundi yeyote. Mwambie mama yako ale chakula chake kikiwa moto.

D.


Shri

Gariadhar, 29 Agosti 2007

Damyantiben, natumaini jicho linapona.

Jana dada zake baba walikuja kufunga nyuzi za Rakhi, zile dada anazomfunga kaka mkononi, kwa baba mdogo na binamu zangu, na Ba akalizungumza jambo la baba mbele ya wote. Atalishwa siku ya mwisho ya nusu mwezi ya wafu, usiku usio na mwezi, ile siku ya marehemu ambao hakuna ajuaye walikufa lini. Shangazi wawili wajane watakuja asubuhi ile kumvunjia mama bangili. Mmoja wao alinishika kidevu akasema, "Usilie, ni dakika moja tu."

Mama alisema kutoka jikoni, "Wakija watanikuta nimekaa hapa na chakula chake."

Hakuna anayenisikiliza. Lakini nimewaza jambo hili mpaka kichwa kimeuma. Kama yuko hai, niambie alipo. Hata kama ana nyumba nyingine na watoto wengine, sitamchukia, nitakuja nimwone kwa mbali nirudi. Na kama amekufa, basi niambie siku. Sitaki alishwe pamoja na wale wasiojulikana siku yao. Mama hawezi kuvunjiwa bangili kwa ajili ya kichekesho cha televisheni. Lazima kuwe na siku.

Naandika haraka, mama anakuja kuchukua taa.

Urvi


Mumbai, 15 Septemba 2007

Urvi,

Unaona kwamba barua hii haina baraka ya Shri juu, na kona yake nimeichana. Unajua maana yake. Usiiingize ndani. Isomee nje ya lango, uichane, uoge ndipo uingie.

Alikufa, mwanangu. Mwaka wa 1995, siku ya nane ya nusu ya giza ya mwezi wa Shravan, siku ya kuzaliwa Krishna. Naikumbuka kwa sababu nilikuwa nimefunga, na kwenye tamthilia pia tulikuwa tunafunga.

Nikuelezee tangu mwanzo. Walihitaji picha ya marehemu na hakuna mwigizaji aliyekubali. Si kwa malipo yoyote. Waliogopa kama Ba wako anavyoogopa: ukivishwa koja kifo kinaandika anwani yako. Getini kulikuwa na kijana wa Kathiawad aliyekuja kila siku kuomba nafasi. Akasema, "Nipeni mimi. Kifo kina kazi nyingi, hakiangalii televisheni." Wakampaka unga wa mchele kichwani wakampiga picha. Uzi ulipohitaji mkono wa kuuvuta, akasema nani atamjua marehemu kuliko yeye mwenyewe.

Pale alijiita Kumar. Jina la kwao hakulitaja, wala mji. Nilimuuliza, akasema alikuwa ameapa hatarudi wala hataandika mpaka jina lake lipite kwenye kioo cha televisheni mwishoni pamoja na majina ya wengine. Walimwahidi. Kila wiki alisimama mbele ya kioo mpaka majina yaishe.

Wewe unadhani nilikuwa naongea na picha? Nilikuwa naongea naye. Ukuta ule ulikuwa karatasi, nilimsikia akipumua. Akininong'onezea, "Rukhiba, leo umeacha meno nyumbani," na mimi ndiyo nimeanza maneno mazito, nikacheka, wakakasirika, tukarudia. Radi zilipopiga juu ya bati la studio alinong'ona kutoka nyuma kule, "Sasa hivi mke wangu ana blanketi kichwani." Alisema ana mtoto wa kike asiyelala bila uzi.

Siku ile mvua ilikuwa imenyesha usiku kucha na bati lilivuja. Nyuma ya ukuta kulikuwa na maji, na waya wa taa ulikuwa umechubuka. Mkwe wangu wa tamthilia anajifanya amefunga, kumbe amekula bajia zote. Anaapa kwa jina la marehemu. Picha ilipaswa kuinama. Haikuinama, Urvi. Iliruka ikaanguka chini ikapasuka kioo, na sisi sote tukacheka, kwa sababu tulidhani ameongeza kichekesho. Mimi nilisema maneno ambayo hayakuandikwa: "Haya, huu uongo umemshinda hata maiti!" Tukacheka tena. Tulimaliza onyesho zima kabla mtu hajaenda nyuma.

Onyesho lile walilitumia. Walisema halijapata kutokea jingine zuri kama lile.

Wafanyakazi walimchoma wao, kwa heshima. Mimi nilisimama barabarani ng'ambo ya geti la uwanja wa kuchomea maiti, kwa kuwa sisi wanawake hatuingii. Hatukujua pa kupeleka habari. Wakachora picha nyingine ya mzee mwingine, na niliposema nayo nilisikia mbao tupu. Muda si mrefu nikaacha kazi.

Barua yako ya kwanza nilipoisoma, nilijua kabla sijafika kwenye nyusi. Lakini mama yako alikuwa bado na bangili mikononi. Sikutaka kalamu yangu izivunje. Sisi waigizaji tuna ugonjwa huu: tunafikiri kwamba maadamu sehemu haijaonyeshwa, haijatokea.

Sehemu hiyo ya kufunga itafika kwenu sasa wakati wowote. Mama yako asiione. Zima umeme, kata waya, fanya lolote.

Picha na koja viko kabatini kwangu. Nilivificha siku ile chini ya sari. Sema neno nitavituma.

Damyanti


Gariadhar, 14 Oktoba 2007

Damyantiben, Jai Shri Krishna.

Bado tuko katika maombolezo, kwa hiyo nami sijaandika Shri.

Kifurushi nilichokuomba kimefika, kioo kipya ulichokitia hakikuvunjika. Nikueleze yote kwa mpangilio.

Barua yako niliisomea kwenye bomba la maji nje ya lango, nimesimama. Nikaichana vipande vidogo nikaviacha viende na maji ya mtaro. Kisha nikajimwagia maji na nguo zangu mwilini, kama inavyotakiwa, nikakaa juani mpaka sari ikaacha kuchuruzika. Niliamua sitamwambia mama mpaka ile sehemu ya kufunga ipite. Nilijiona mwerevu.

Nilipoingia alikuwa anachambua mchele. Akatazama msuko wangu. Ben, nani anaosha nywele saa sita mchana, na nguo zake mwilini? Hata mtoto wa kwetu anajua kwamba ni habari ya kifo. Hakuuliza ni nani. Akarudi kwenye mchele wake, akachambua mpaka mwisho. Saa nane akachana nywele, akapaka rangi, akaweka sahani kama kawaida.

Nilikuwa nimechomoa waya wa televisheni nyuma. Aliuchomeka mwenyewe. Nikamwambia, "Mama, leo hakuna kizuri." Ni sentensi ndefu kwangu. Akasema, "Yupo. Kaa."

Siku ile hawakuionyesha, wala kesho yake. Ilikuja siku ya tatu. Mkwe alipoanza kufuta mafuta ya bajia mdomoni, nilijua, nikamshika mama mkono wenye bangili. Ba alikuwa amesimama mlangoni. Tangu mwezi wa sita hakuwahi kuja kuangalia. Mkwe akaapa. Picha ikaruka ikaanguka. Mkacheka. Wewe ukasema yale maneno, na vicheko vile vya kubandikwa vikaongezeka juu ya vyenu, vikawa virefu sana, ben, sijui kwa nini viliwekwa virefu vile. Mama hakuondoa macho. Alitazama mpaka majina yote yakapita mwishoni, mpaka la mwisho kabisa, na jina la baba halikuwemo.

Ndipo akasema, "Hakuvuta. Aliangushwa."

Niliyasema yote niliyoyashika kutoka kwenye barua yako. Sikujua kama nina maneno mengi hivyo. Nilipofika kwenye siku ya nane ya Shravan, Ba aliketi chini pale pale kizingitini akapiga yowe ambalo majirani walilisikia mpaka sokoni. Alimrukia mama, nikadhani anampiga. Alikuwa anamtikisa mabega. "Kataa! Manjula, kataa! Mbona hukatai? Siku zote unakataa!"

Nimeelewa sasa. Miezi yote ile Ba alikuwa akisema amekufa ili mama amjibu kwamba hajafa.

Mama alichukua sahani iliyokuwa mbele ya televisheni, akapanda nayo juu ya paa. Tulimfuata. Akaiweka ukingoni. Bado hazikuwa siku za wafu, na rotla si chakula chao, lakini kunguru alikuja mara moja, akaanza na kitunguu. Ba akasema kwa sauti ndogo, "Alivyokuwa tangu utoto. Kitunguu kwanza."

Siku ya nane ya nusu mwezi ya wafu tukamlisha kwa wali wa maziwa, kwa siku yake na jina lake. Shangazi wajane walikuja na jiwe la kuvunjia. Ba aliwazuia mlangoni. "Mimi zangu mlinivunjia mpaka nikatoka damu. Huyu atavua mwenyewe." Mama alipaka sabuni kwenye vifundo akazitoa moja moja, nzima, akazitia ndani ya susu langu. Hiyo siku niliiona mikono yake mitupu nikafikiri ni mikono ya mgeni.

Picha uliyoituma tumeitundika sebuleni, na koja lake. Ilihitaji uzi. Mama alikata ule wa susu.

Sasa nafika kwenye jambo lililonifanya nikuandikie leo. Jana Jasuben alikuja kutupa pole na wanawake wa mtaa. Alikaa chini ya picha, akanywa maji, akafuta macho, kisha akauliza, "Je, aliteseka, maskini? Kulikuwa na mtu karibu naye?"

Mama aliinamisha kichwa. Ba alivuta ukingo wa sari usoni. Chumba chote kilikuwa kinangoja, na mimi, ambaye nikikutana na Jasuben njiani nahama upande wa barabara, nikasikia sauti yangu inasema:

"Hapana, Jasuben. Alikuwa hospitali, alilala tu. Watu walikuwa wamemzunguka, na hakuna aliyecheka."

Nilipomaliza, sote watatu, mama, Ba na mimi, tuliinua macho ukutani kwa pamoja. Hatukupanga. Hata Jasuben aligeuka kutazama tulichokuwa tunakitazama.

Tulingoja muda mrefu, ben. Feni ilikuwa imezimwa. Picha ilining'inia wima kabisa.

Binti yako,
Urvi